Chura katika Bia ya Mama Ursula

Benchi la Mama Ursula liko kichochoroni nyuma ya kanisa la Mtakatifu Paulo, hapa London, hatua chache kutoka kwa wauza vitabu. Wanaolikalia kila siku ni watatu, na majina yao ya ubatizo yamebaki kanisani. Kengele hupiga kengele za kanisa, kwa hiyo ukimwambia kitu umwambie kwa sauti. Wino hunakili barua za watu, na ndiye pekee kati yao anayejua kusoma. Kisigino ni fundi viatu ambaye hakuna aliyewahi kumwona akimaliza kiatu. Asubuhi hiyo walikuwa wanamalizia pipa la zamani, kwa sababu Mama Ursula alikuwa ametundika kitita cha matawi kwenye mti uliochomoza juu ya mlango. Ndiyo sheria ya bia: pipa jipya likiiva, unatundika matawi, mwonjaji wa mtaa anayaona, anakuja kuonja. Akiridhika unauza. Asiporidhika anayashusha matawi kwa mkono wake, na wewe mwanamke unabaki na pipa lako na aibu yako. Mwonjaji wa zamani alikuwa mtu mwema, akinywa kwanza na kuonja baadaye, lakini alikufa kabla ya Pasaka. Huyu mpya hakuna aliyemjua sura. Siku hiyo hiyo ndiyo Wino aliyoichagua kuja na kitabu.

— Mama Ursula, umetoka kitabuni.

— Nimetoka jikoni, akasema Mama Ursula. Shika kikombe chako.

— Nisikilize basi. Kitabu cha vichekesho, kimechapwa wiki hii. Hadithi ya kasisi na bata, hadithi ya mke aliyemuuza mumewe sokoni, halafu hapa chini pana ubeti.

Akakohoa kama mtu anayesoma amri ya Malkia, akasoma:

Mjane wa kichochoro, bia yake ina chura,
Walevi, acheni kero, mje na ndoano bora,
Kulewa kwake ni doro, mtanawa nayo sura,
Kisima kinalalama, kimeingia hasara.

Kisigino alicheka mpaka bia ikamtokea puani. Kisha akamwona Mama Ursula alivyomtazama, akaugeuza ule ucheko kuwa kikohozi.

— Amesemaje? aliuliza Kengele.

— Kuna chura kwenye bia ya Mama! Kisigino akamwambia kwa sauti ya kuamsha mtaa.

— Chura? Mimi sijamwona.

— Punguzeni sauti, akasema Mama Ursula. Leo mwonjaji anakuja. Akilisikia hilo kabla hajaonja, ameshaonja kwa masikio.

— Usiogope, mama, akasema Wino. Wajane wa vichochoro wako mia mbili mji huu. Wachapaji hawa ni wavivu. Wanachukua kichekesho cha babu zao, wanabadilisha mji, wanakuuzia kipya. Huyo chura ana umri mkubwa kuliko mnara wa kanisa.

Hayo yalikuwa maneno ya akili, ndiyo maana hakuna aliyeyajali.

— Hapana, akasema Kengele. Huyu ni Sybil.

Sybil ni mjane wa ng'ambo ya kichochoro. Naye huuza bia, naye matawi yake yalikuwa juu.

— Sybil hajui kuandika hata msalaba, akasema Wino.

— Kwani mtunga mashairi lazima aandike? Anatunga, mwenzie anaandika. Hata mimi napiga kengele, sikuifua. Mama Ursula, wewe nyamaza tu. Haba na haba hujaza kibaba!

— Nini kinajaza nini? akauliza Mama Ursula, na kitambaa kikasimama mkononi.

— Subira, mama. Nimesema subira.

Aliendelea kufuta kikombe kilichokwisha kukauka zamani. Ndoo ya maji ilikuwa moja tu. Tangu Krismasi, shayiri ilipoadimika mpaka watu wakaanza kuitazama kama dhahabu, ndoo moja kwa pipa, alfajiri, mlango umefungwa na paka ametolewa nje. Si mbili. Na pipa la leo lilikuwa na ndoo yake kama wenzake.

— Mnakosea wote, akasema Kisigino, akainama mbele kama mwenye siri ya serikali. Jiulizeni: nani anafaidika Mwingereza akiichukia bia yake?

— Nani?

— Mhispania! Meli zake tulizizamisha, sivyo? Sasa anakuja kwa njia ya pipa. Anamlipa mchapaji, mchapaji anaandika chura, watu wanaogopa bia, wanahamia kwenye divai. Divai inatoka wapi?

— Ufaransa, akasema Wino.

— Inapitia hapo tu! Kwao ndiko inakotoka. Mwaka mmoja wa divai, jeshi lote linalala mchana kama wao. Maji usiyoyafika hujui wingi wake!

— Hivi leo hakuna methali nyingine zaidi ya za maji? akauliza Mama Ursula.

— Ziko, mama. Maji yakimwagika hayazoleki.

— Kisigino, mwanangu, nitakumwagia.

Wino alikuwa amenuna. Mtu pekee anayejua kusoma, na nadharia yake ndiyo nyembamba kuliko zote! Akaamua kuinenepesha.

— Basi niwaambie ukweli niliokuwa nauficha. Mtunzi wa ubeti huu amekaa hapa. Kwenye benchi hili. Amejivika nguo za mtu wa kawaida, amekunywa, ametusikiliza, ameondoka.

— Lini?

— Ndiyo kazi yake hiyo, usijue ni lini. Huenda ni yule muuza chaza. Huenda alijificha ndani ya pipa tupu na mrija wa kupumulia.

— Kama alikuwa ndani ya pipa, akasema Kengele taratibu, basi chura ni yeye.

Wakacheka wote, na Mama Ursula naye akacheka kidogo, maana hofu haizuii kicheko. Wakaanza kushindana kumtetea. Kengele akaapa kwamba bia ya Mama Ursula imemwangusha ngazini mara tatu. Kisigino akaapa kwamba ameitumia kulainishia ngozi, na ngozi ikalewa. Wino akasema atatunga ubeti wa kujibu, ila akakwama kwenye neno la kwanza.

Kichochoroni alikuwa amesimama mtu. Kijana wa miaka thelathini hivi, kola mpya ngumu inayomsumbua shingo, kikombe cha mbao kimefungwa kiunoni kwa kamba. Alikuwa amesikiliza kwa adabu, kofia mkononi.

— Samahanini, wazee wangu. Naomba niulize kitu kidogo tu.

— Uliza, mwanangu, akasema Wino. Hapa tunajibu yote.

— Bia yenyewe ina maji, au haina?

Kengele, ambaye hasikii, alikuwa amesikia. Akatazama ndani ya kikombe chake. Kisigino akatazama chake. Wino akakifungua kitabu, akatafuta jibu kwenye hadithi ya bata. Hakuna aliyesema ina, na hakuna, hata Kisigino wa ngozi iliyolewa, aliyesema haina.

Mama Ursula aliwatazama mmoja mmoja, na kilichomchoma hakikuwa kola ngumu ya yule kijana. Walikuwa wanajua. Pengine tangu Krismasi yenyewe. Na benchi la Sybil lilikuwa hatua kumi tu, limepakwa rangi, halina mguu wa tofali kama hili lake.

Kijana alifungua kamba ya kikombe chake.

— Mimi ndiye mwonjaji mpya, mama. Naweza kuonja?

— Huwezi, akasema Mama Ursula.

Akavuta kigoda, akapanda huku magoti yakilalamika, akakishusha kitita cha matawi kwa mkono wake mwenyewe.

— Pipa halijaiva. Nilikosea siku. Uje Alhamisi, utaonja bia.

Mwonjaji alimtazama, akatazama benchi, akakifunga tena kikombe kiunoni.

— Alhamisi basi, mama, akasema, akavaa kofia yake, akavuka kwenda kwa Sybil.

Benchi zima likamsindikiza kwa macho mpaka ng'ambo.

— Sasa sisi tutakunywa nini mpaka Alhamisi? Kisigino akauliza.

— Kwa Sybil kuna matawi. Nani amewafunga kamba?

Hakuna aliyeinuka. Kengele akasema miguu inamuuma. Wino akasema bia ya Sybil inamharibia mwandiko.

— Basi kama mnakaa, mfanye kazi, akasema Mama Ursula. Pipa jipya lile, mkalimwage. Mengine mliyanywa mkijua, hili mlimwage mkijua.

— Lote, mama?

— Lote.

— Hata kikombe kimoja cha kuliaga?

Mama Ursula akawaza, kitita cha matawi bado kwapani.

— Kimoja, akasema. Na ole wake atakayesema ni kitamu.