Ubishi wa Profesa na Mchumi

Ndugu waombolezaji, baba yetu, ambaye hata sisi wanawe tulimwita Profesa, alizaliwa tarehe 9 Agosti 1949, mtoto wa tatu wa fundi saa, katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya kiwanda cha sabuni, akaanza shule mwaka 1957, ambako walimu walimpenda kwa akili na kumchapa kwa ubishi, kisha akaendelea hadi chuo kikuu, alikosomea sheria na baadaye kuifundisha hadi kustaafu.

Tarehe 12 Juni 1976 alifunga ndoa na mama yetu, muuguzi, aliyemwekea sharti moja tu, kwamba ubishi aumalizie kazini, sharti ambalo halikumaliza hata fungate, wakajaliwa watoto wanne, ambao hakuna aliyeruhusiwa kwenda matembezini bila kutoa hoja mbili zenye mashiko.

Wengi mlimfahamu redioni, katika mjadala wa kila Alhamisi jioni, ambako yeye na rafiki yake Mchumi walivutana juu ya kodi, shule na hospitali, wakatoka studio wamenuniana, na kabla ya kufika kituo cha basi wakawa wanacheka. Suala moja tu halikuisha, la kama maji ya bomba yakabidhiwe kampuni binafsi, Mchumi akisema ndiyo, Profesa akisema abadani.

Tarehe 3 Februari mwaka jana alipata kiharusi, akapoteza kauli, nasi tukaingiwa na hofu kwamba mtu aliyeishi kwa kusema angeondoka bila kumuaga hata mkewe. Wataalamu walijitahidi wiki nenda wiki rudi, lakini wapi. Mchumi naye alikuja kila Alhamisi, akavuta kiti na kumchokoza kwa makusudi, hadi siku moja akamwambia kwamba ukimya ni ridhaa, hivyo jioni ile angetangaza redioni kuwa Profesa amekubali maji yauzwe. Baba akageuza shingo, mdomo ukaenda upande, akasema, "Mwongo. Tuanze upya." Mama aliangusha bakuli la uji, akalia na kucheka kwa pamoja.

Maneno yalirudi kidogo kidogo, akabishana na daktari kuhusu chumvi, akamwambia mama yote aliyotaka kumwambia, mengine mbele yetu, mengine mlango ukiwa umefungwa, na alfajiri ya juzi, tarehe 20 Mei, moyo wake ulisimama akiwa usingizini. Tunasema bila aibu kwamba, pamoja na majonzi, tumeshusha pumzi, kwa sababu hakuondoka na dukuduku.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliovumilia maswali yake, majirani waliovumilia sauti yake, wenzake wa chuo na wa redio, na zaidi Mchumi, ambaye alipangiwa kusema leo lakini ameomba tumsamehe, kwa kuwa, asema, tangu wafahamiane hajawahi kuzungumza mahali ambapo Profesa hawezi kumjibu.

Baba, umesema na tumekusikia, pumzika kwa amani.