Jeraha Moja la Nusaiba na Maisha ya Dada Rosalia Leodegar

Baba Padre, wazee wetu, majirani wa Goba na ninyi mliotoka Temeke na Manzese, familia imenituma mimi Adelard, mdogo wake marehemu, niwasomee maisha ya dada yetu Rosalia, na mjue kwamba karatasi hii, isipokuwa mwisho wake, aliikagua mwenyewe mwezi wa nne akiwa kitandani, akanisahihisha tarehe mbili, kisha akaniamuru nisilifiche kosa lake, nami tangu utoto sijawahi kushinda ubishi na yeye.

Dada Rosalia alizaliwa Temeke tarehe 14 Machi 1974, akiwa wa kwanza kati ya watoto wanne wa mzee Leodegar, aliyetoka Mahenge akaja kuwa karani bandarini. Alianza darasa la kwanza hapo hapo Temeke mwaka 1982, akamaliza la saba mwaka 1988, na alipopewa kazi ya kuandika mahudhurio ya darasa aliifanya kwa ukali ambao wenzake hawajausahau, maana siku moja alifika baada ya kengele, akajiandika mwenyewe kuwa amechelewa, akaenda kupokea adhabu. Sekondari alisoma mwaka 1989 hadi 1992, na mwaka 1997 akapata cheti cha utunzaji wa kumbukumbu za afya.

Mwaka huo huo aliajiriwa katika hospitali ambayo aliomba tusiitaje jina, kwenye chumba cha mafaili, na huko ndiko alikofanya kazi miaka ishirini na saba. Wengi wenu mlidhani alikuwa nesi, mkawa mnamwonyesha vipele, naye akawa anawaambia kwa upole kwamba yeye hatibu mtu. Kazi yake ilikuwa kusoma alichoandika daktari na kukipa namba, kwa kuwa kila ugonjwa una namba yake, na kila jeraha, hata mchubuko wa mkono, lina namba inayofuatiwa na alama inayosema kama mgonjwa ndiyo kwanza ameumia, au ni mahudhurio ya marudio, yaani amerudi kuangaliwa jeraha lile lile.

Tarehe 20 Novemba 1999 alifunga ndoa na shemeji yetu Leonardi, fundi wa majokofu, wakajaliwa watoto wawili, Hope aliyezaliwa mwaka 2002 na Marko aliyezaliwa mwaka 2006, na mwaka 2010 wakahamia Goba, kwenye kilima hiki ambacho bodaboda wa wakati ule walikuwa wanakikataa kila mvua ikinyesha. Leonardi ameniruhusu niseme kwamba katika nyumba hii hakuna aliyepata plasta bila kuhojiwa, kwani ukimwonyesha dada mkono ulioungua alikuuliza kwanza kama ni wa leo au ni ule wa juzi, ndipo akafungua kabati.

Sasa nafika mwaka 2013. Tarehe 2 Septemba, Bi Zubeda, muuza vitumbua wa Manzese, alimpeleka hospitalini binti yake Nusaiba, wakati huo ana miaka minne, aliyekwaruzwa na bati la mlango kwenye mkono wa kushoto, chini ya kiwiko. Alisafishwa, akafungwa bandeji, akaambiwa arudi, na kwa kuwa mama huyu ni mtiifu kwa daktari alimrudisha mara nne. Kompyuta za hapo zilikuwa mpya, na kila jeraha lilipoingizwa ziliweka zenyewe alama ya aliyeumia kwa mara ya kwanza, ikawa ni juu ya karani kuibadilisha, na dada yetu, akiwa na mafaili yamemjaa mezani, hakuibadilisha hata mara moja. Ikasomeka kwamba mtoto wa miaka minne ameumia mkono mara tano ndani ya mwezi mmoja.

Mwisho wa mwezi huo, majina ya watoto walioumia zaidi ya mara tatu yalipelekwa kwa ofisa ustawi wa jamii, na orodha hiyo aliichapa dada Rosalia kwa mkono wake, tena akiona fahari kuwa amesaidia kumwokoa mtoto anayepigwa. Bi Zubeda aliitwa, akaulizwa maswali ambayo mama yeyote hapa akiulizwa atalia, na Nusaiba akapelekwa kulala kwa shangazi yake Kigogo mpaka uchunguzi uishe. Siku ya tisa dada aliombwa faili lenyewe liwe ushahidi, akalifungua, akasoma maneno ya daktari, kubadilisha bandeji, kubadilisha bandeji, hadi ukurasa wa mwisho.

Mkuu wake alimshauri arekebishe kimya kimya kwenye kompyuta, na kesi itajifia yenyewe. Dada hakukubali, akabeba faili hadi kwenye ofisi ile ya ustawi, na mbele ya ofisa, shangazi wa mtoto na Bi Zubeda mwenyewe akasema, "Mtoto huyu ameumia mara moja. Hizo mara nne nimemuumiza mimi." Nusaiba alirudi kwao siku hiyo hiyo, na dada akapewa onyo la maandishi, akalitunza pamoja na cheti cha ndoa, akisema vyote ni vya kweli.

Jumamosi iliyofuata alikwenda Manzese kuomba msamaha. Bi Zubeda alimsikiliza amesimama mlangoni, akaitikia kwa kichwa, wala hakutamka kuwa amesamehe. Basi dada akarudi mwezi uliofuata, akapewa kigoda, na mwezi mwingine akapewa upawa, na tangu hapo kila Jumamosi ya kwanza ya mwezi, kwa karibu miaka kumi na miwili, alikaa kwenye baraza ile akigeuza vitumbua, anavibabua, wanacheka, wanaongea mambo yote ya dunia isipokuwa lile moja. Akirudi hapa ananuka mafuta, alikuwa akituambia, bado hajatamka. Nilimwambia mara nyingi kwamba anayekupa upawa wake amekusamehe, akanijibu kwamba yeye haandiki ambacho mwenyewe hajakisema.

Januari 2025 aligundulika kuwa na saratani ya kongosho. Tarehe 3 Mei Hope alimpeleka Manzese kwa mara ya mwisho, akakaa saa moja, akarudi na jibu lile lile, na jioni hiyo alilia, si kwa maumivu, bali kwa kuwa aliona atakufa bila kusamehewa. Wiki ya mwisho Bi Zubeda alikuja wodini kila siku na uji, lakini dada alikuwa hasikii tena, na Jumanne tarehe 10 Juni, saa nne asubuhi, mikono yake ikiwa imeshikwa na Leonardi na Hope, alitutoka.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomhangaikia, makarani wenzake waliokuja na sare zao, na ninyi majirani mliotuwekea turubai kabla hatujaomba. Tunamshukuru Nusaiba, ambaye sasa yuko kidato cha tatu, kwa kuosha vyombo vya msiba huu siku tatu kama mtoto wa nyumba hii.

Jana Bi Zubeda aliniita pembeni, akalia sana, akaniomba maneno yake niyasome hapa mbele ya jeneza, kwa kuwa alidhani dada atapona na siku bado zipo, na mimi nayasoma kama alivyoyasema: "Mie nilimsamehe siku ile ile, pale mlangoni. Ila niliogopa nikimwambia hatorudi tena, na mie nilishampenda."

Dada Rosalia, mwenyewe amelisema. Pumzika sasa.