Neno Ambalo Mzee Makau Hakuiambia Migunga

Nimewaomba wenzangu tusiandike neno “kwaheri” popote pengine katika toleo hili la Septemba la jarida letu, hata pale ambapo lingekaa vizuri. Anayetaka kujua sababu asome hadi mwisho.

Mzee Makau Kitheka alistaafu Ijumaa, tarehe 29 Agosti 2025, baada ya miaka thelathini na mitatu katika Kituo cha Mila za Mimea, Ndithini. Aliajiriwa kama mlinzi wa ua. Wasomi waliokuja kuchunguza jinsi migunga yetu inavyosalimiana na kulea miche yake walikaa wiki mbili, wakapima, wakaondoka. Yeye alikaa. Baada ya miaka minne, wasomi hao hao walimtafuta yeye kwanza kabla ya kufungua vyombo vyao.

Kila asubuhi alisimama penye mgunga wa kwanza, akabisha hodi, akangoja. Majani yakifunguka aliingia. Yasipofunguka alirudi ofisini akaandika, “Leo hawapokei wageni.” Nzisa wa jikoni hakuacha kumtania: “Mzee, hiyo miti ikianza kukupikia chai utuambie mapema, tutafute kazi kwingine.” Naye alimjibu kwa upole kwamba chai si lazima, kuitikiwa kunatosha.

Ameniagiza niandike na kosa lake. Kwa miaka kumi na mmoja, kila mgunga ulipokatwa na ya jirani ikafumba majani siku tisa mchana kweupe, aliandika daftarini: usingizi. Mwaka 2003 akalazwa hospitali wiki tano. Aliporudi alikuta kichaka kizima kimefumba saa sita mchana na miche minne imekauka, wala hakuna mti uliokuwa umekatwa. Akabisha hodi kwa sauti ya mgonjwa. Mgunga wa kwanza ukafunguka, kisha wa pili, kisha wa tatu, mpaka kule bondeni. Hapo akajua kwamba haukuwa usingizi. Yalikuwa matanga, na marehemu alikuwa yeye.

Alichukua kalamu nyekundu akakata neno “usingizi” katika madaftari yote kumi na tisa. Mimi ndiye karani ninayeyatunza. Kuna kurasa ambazo wino wake umesambaa, na si kwa mvua.

Niliolewa tarehe 9 Agosti, na bado nikiandika jina la Muema wangu mkono unatabasamu wenyewe. Nilikuwa nimemwomba Mzee Makau matawi ya maua ya mgunga nipambe kanisa. Alikataa. “Mwelu, huwezi kuanza ndoa yako kwa kupelekea jirani matanga.” Nilinuna. Asubuhi ya arusi akaja na kikapu cha maua yaliyoanguka, aliyoyaokota chini moja moja kwa siku tatu, na magoti yake mabovu yale. Nilitembea juu ya maua hayo hadi madhabahuni. Nimepokea zawadi nyingi, lakini hiyo ndiyo iliyonifundisha mtu anavyopenda.

Siku yake ya mwisho tulisimama nyuma ya ua tukingoja maneno marefu. Katika kamusi ya ishara za migunga aliyoiandika mwenyewe kuna salamu, onyo, hata kuitana kugawana maji. Ishara ya kuagana haimo. Kwao, anayeondoka akapitisha mwezi mmoja amekufa. Na sasa ni kiangazi, mvua ni hadi Novemba, na mche hauwezi kuvumilia siku tisa bila kula jua. Basi aliweka kiganja kwenye mgunga wa kwanza akasema, “Natoka kidogo.” Akachukua mkoba wake. Hakugeuka nyuma.

Katika miaka thelathini na mitatu ya kumbukumbu zake, huo ndio uongo pekee.

Nafasi yake haitajazwa, tumeambiwa. Mimi nabisha hodi kila asubuhi. Majani yanafunguka nusu, kama mtu anayechungulia mlangoni aone umekuja na nani. Nasimama peke yangu, kisha narudi ofisini. Zimebaki siku kumi na mbili mwezi wao utimie.

Mzee Makau, asante kwa kutufundisha kungoja tuitikiwe. Kaa vizuri huko Kangundo na mkeo Mama Kalondu, kahawa yenu izae, magoti yakuhurumie, na kila unapobisha pakuitikie. Lakini viatu vya kazi usimpe mtu. Mimi na Muema tutafika kwako kabla mwezi wao haujatimia, wala hatutakaa tunywe chai. Tunakuja kukuchukua ubishe hodi mara moja tu, ili ile “kidogo” yako iwe kweli.