Bwana Milimita na Ukuta wa Benki ya Zamani

Waombolezaji wenzetu, ndugu na jamaa, ninasimama kwa niaba ya familia kuwasomea maisha ya kaka yetu, nami mdogo wake ninawaomba mnivumilie, kwa kuwa karatasi hii iliandikwa mara mbili, na ninayoisoma si ile ambayo baadhi yenu mliipenda.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Juni 1957 katika nyumba za wafanyakazi wa reli, mtoto wa tatu wa mama mshonaji na baba mpaka rangi, akasoma shule ya msingi kuanzia mwaka 1965 hadi 1971, kisha sekondari, na mwaka 1978 akahitimu chuo cha ufundi katika upimaji wa majengo, fani iliyomwingia damuni hata nyumbani, maana mtu huyu, jamani, alikuwa akikata mkate kwa rula, na asiyeamini amuulize mjane wake, aliyefunga naye ndoa tarehe 6 Desemba 1986 na kumzalia mabinti wawili na mwana mmoja.

Kazini walimwita Bwana Milimita. Mwaka 2008, katika mtaa wa mabenki ya zamani, yale majengo ya mawe yenye nguzo nene, lilianza kuchimbwa shimo la msingi wa jengo jipya la ofisi, ghorofa ishirini na mbili za vioo vitupu, naye akapewa kazi ya kuwalinda majirani: popote palipokuwa na ufa katika kuta za zamani alibandika kipande chembamba cha kioo kuuvuka ufa, akaandika tarehe juu yake, na kila asubuhi akapita kutazama, kwa sababu kioo kikivunjika, basi ukuta unasogea. Wenzake walimtania kwamba usipoziba ufa utajenga ukuta, naye akawajibu kwamba yeye hazibi, yeye anausikiliza tu.

Jumanne tarehe 17 Machi 2009 alikikuta kioo namba tisa kimevunjika, akampigia simu mkuu wake, akaambiwa kwamba kioo ni kioo, pengine ni joto tu, abandike kingine, kwani kazi haiwezi kusimama wiki nzima kwa ajili ya kipande cha dirisha, na kaka yetu, ambaye hakuwahi kumsamehe fundi aliyekosea nusu milimita, akabandika kingine, akakiandika tarehe ya kile cha kwanza, na kwenye daftari lake la vipimo akajaza sifuri, yaani ukuta haujasogea. Siku kumi baadaye, Ijumaa saa tano asubuhi, ukuta ule ulianguka, ukamuua fundi viatu aliyekuwa akifanya kazi chini yake, na uchunguzi ukasema ni uchakavu na mvua, kwa ushahidi wa daftari lile lile.

Jengo lilikamilika mwaka 2011, na zuri ni zuri, hatulinyimi sifa yake, naye siku ya ufunguzi alivaa suti, akafika mpaka kwenye mlango wa kuzunguka, akageuka akarudi nyumbani. Mwaka uliofuata aliacha kazi, tukadhani ni mgongo, akawa anakwenda kwa mjane wa fundi viatu kila mwezi, leo kuziba paa, kesho kukaza bomba, mpaka yule mama akamfanya ndugu yake.

Mapafu yalianza kumsumbua Machi 2022, akalazwa tarehe 11 Januari 2024, akafariki dunia Jumapili tarehe 4 Februari, saa nne asubuhi. Siku tatu kabla alinisimulia haya niandike, akanisahihisha mahali pamoja tu, nilipoandika kwamba ukuta ulianguka kwa bahati mbaya, akasema nifute bahati mbaya. Jana shangazi yetu alisema marehemu hasemwi, na mabwana wawili wa kazini wakaja kuniomba kwa adabu niiruke aya hiyo, nami nawaambia mbele ya wote, samahani sana, mficha maradhi kifo humuumbua.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi ya wanaume, majirani mliotuletea viti na maji tangu Jumapili, na wenzake wa kazini, hata ninyi mnaotazama viatu vyenu sasa hivi. Na wewe, mama, mke wa fundi viatu, uliyempelekea chai hospitalini siku zote ishirini na nne, hukuyajua haya, naye alijaribu kukuambia ikamshinda, na jana nilikuja kwako nikuambie faragha, ukanikaribisha, ukaanza kumsifu, nami ikanishinda vilevile. Tusamehe kwa kukusikilizisha mbele za watu. Ukiinuka ukaenda zako kabla hatujafika kaburini, hakuna wa kukulaumu.

Kaka, pumzika. Hiyo amani tungependa kukutakia sisi, lakini mwenye kuitoa ni mama huyu.