Glasi ya Chai Juu ya Ramani

Wasikilizaji wapendwa, assalaam aleykum. Kila wiki saa hii huwa nawasomea kumbukumbu za wazee wenu. Leo nasoma ya nyumbani kwangu. Tunamkumbuka Khadijo Korane, mchoraji ramani. Khadijo Korane, aliyekuwa mke wangu. Tulimzika Jumanne. Inna lillahi wa inna ilayhi rajiun.

Vijana wa hapa kituoni waliniambia, mzee Jelle, pumzika, mwingine atasoma. Nikawaambia mwingine hajui. Mimi sikusoma sana, shule yangu ni usukani wa lori, lakini hii naijua. Na kabla hamjaanza kunionea huruma, ngojeni. Habari ya leo ina hofu katikati, ila mwisho wake ni wa kushusha pumzi.

Khadijo alizaliwa kwenye ngamia, kati ya Modogashe na Griftu, karibu na Kisima cha Kulow. Kulow ni babu yake, ndiye aliyekichimba. Kwetu kisima hupewa jina la aliyekichimba. Mjomba wake alimleta Garissa akamtia shule, akamaliza darasa la saba. Mwaka wa sitini na tano ofisi ya maji ikatafuta mtu wa kuwahoji wanawake wanaoleta maziwa na samli sokoni. Wakamchukua Khadijo.

Utauliza, kwa nini wanawake? Wasikilizaji wapendwa, wengi wenu mmezaliwa mjini, niwaeleze. Wafugaji wakihama, mwanaume anatangulia na mifugo. Mwanamke ndiye anayebomoa nyumba, anaifunga juu ya ngamia, anamkokota huyo ngamia mpaka jioni, halafu anaijenga tena. Safari hiyo ya siku moja, na nyumba mgongoni mwa ngamia, inaitwa geedi. Ukimuuliza mwanaume kisima kiko wapi, anainua kidevu: "Pale." Ukimuuliza mwanamke, anakwambia geedi ngapi.

Aliyemfundisha kazi ni Mursal, mchoraji wa ofisi, mtu wa mzaha sana. Alimpa karatasi nyembamba, zile zinazoonyesha kilicho chini yake. Karatasi moja ya visima. Karatasi moja ya malisho. Karatasi moja ya laga, yaani mito yetu hii ya mchanga. Karatasi moja ya njia.

"Mbona usichore zote pamoja?" Khadijo alimuuliza siku ya kwanza.

"Wewe ukipika, unatia chai na mchele sufuria moja?" Mursal akamjibu. "Kila kitu karatasi yake. Ukitaka kujua jambo, unazipanga moja juu ya nyingine, unatazama dirishani. Karatasi moja inaweza kukudanganya, abaayo, dada yangu. Nne zikikubaliana pahali pamoja, hapo pana kweli."

Karatasi moja inaweza kudanganya. Shikeni neno hilo.

Sasa, ile ilikuwa miaka ya vita. Mnaijua. Wakubwa wa huko chini waligombana na wakubwa wa huku juu, na aliyelipa ni mwenye mbuzi. Mtu wa kaskazini alikuwa shifta, yaani mwasi, mpaka aonyeshe kipande, na akionyesha kipande anaulizwa amekiiba wapi. Mwaka wa sitini na saba ikatoka amri. Wenye mifugo wote wakae karibu na vijiji vinavyolindwa na askari. Kila kijiji kitachorewa mstari. Ndani ya mstari, chunga. Nje ya mstari, wewe ni adui, na ngamia wako ni wa adui.

Basi mkubwa wa Khadijo aliitisha ramani ya Modogashe. Jina lake silitaji, ameshakufa, Mungu amhukumu. Khadijo alikuwa ameshika pembe ya ramani isijikunje. Alinisimulia mara nyingi mpaka nikaona kama nilikuwepo. Mkubwa alikuwa anakunywa chai. Akaimaliza, akaigeuza glasi mdomo chini, akaiweka juu ya Modogashe. Akachukua penseli, akaizungusha.

"Hapo," akasema. "Kila mtu ndani ya hapo."

Glasi ya chai, wasikilizaji. Siongezi chumvi. Uhai wa watu na mifugo yao ulipimwa kwa mdomo wa glasi. Khadijo alitazama karatasi ya visima, karatasi aliyoichora kwa mkono wake mwenyewe. Kisima cha Kulow kilikuwa nje ya mviringo. Nje. Na pale kisimani alikuwepo Rukiyo, mama yake mzazi.

Hapo ndipo naingia mimi. Nilikuwa dereva wa lori, napeleka unga Modogashe kwa msafara wa askari. Khadijo nilimjua kwa kumwona tu. Nilikuwa nampelekea salamu za kwao na yeye ananijibu bila kuinua macho. Wiki ile nilimkuta Rukiyo Modogashe, amekuja kununua sukari. Akanishika mkono wa shati.

"Wewe Jelle, unamfikia binti yangu?"

"Namfikia, hooyo, mama yangu."

"Mwambie Habibo amejifungua. Yuko ndani, arobaini yake bado mbichi, na damu haijakatika vizuri. Watu wanasema tuhame, tuko nje ya mstari. Nikimpandisha ngamia jua hili, nitamzika njiani. Nisipohama, askari watanizika. Yeye yuko kwenye hizo karatasi. Aniambie: nihame au nikae?"

Habibo ni dada mdogo wa Khadijo. Yuko hai, yuko hapa Garissa, ananisikiliza sasa hivi na najua atanilaumu kwa kumtaja hewani.

Nikaufikisha ujumbe. Khadijo hakulia. Alikaa chini kwenye ngazi ya ofisi, akaniuliza, "Kutoka Modogashe mpaka kwa mama, kwa gari lako ni mbali gani?"

"Gari haliingii kule," nikamwambia. "Na hata lingeingia, mita ya hili lori ilikufa kabla sijajifunza kuendesha."

Akanitazama kama mtu anayemtazama mbuzi aliyekula kitabu. Ndiyo mara ya kwanza aliinua macho.

Siku iliyofuata alikwenda sokoni kufanya kazi yake kama kawaida. Akamkuta Sadiyo, muuza samli wa Griftu, mama wa mdomo mkali. Khadijo akamuuliza kutoka Griftu mpaka Kisima cha Kulow ni geedi ngapi. Sadiyo akamjibu, halafu akaanza kulalamika.

"Lakini usiniulize habari ya kuhama mwaka huu! Jilaal hii imetuua. Unafunga mzigo nyota ziko juu, unatembea mpaka jua linazama, hakuna majani, hakuna maji, huwezi kusimama. Geedi moja ya sasa ni mbili za mvua. Mgongo wangu huu, shika, shika uone!"

Khadijo akaacha kuandika.

"Unasemaje?"

"Nasema shika mgongo."

"Hapana, abaayo. Geedi moja ya sasa ni mbili za mvua?"

"Kwani wewe ulizaliwa wapi, hospitali?" Sadiyo akamcheka. "Wakati wa mvua una haraka gani? Majani yako mlangoni. Unafunga mzigo ukishakunywa chai, unashusha kabla ya adhuhuri. Mkate wa mjini umekusahaulisha?"

Jilaal ni kiangazi chetu kikali. Na Khadijo alikumbuka. Habari za Kisima cha Kulow alizipata kwa mama yake mwenyewe, na mama yake alihesabu geedi tatu toka Modogashe. Alihesabu wakati wa mvua. Geedi za mvua, fupi. Khadijo akazichora kama za kiangazi, ndefu, sawa na za wanawake wengine wote aliowahoji. Hilo ni kosa ambalo mtu wa Nairobi hawezi kulifanya, maana hajui hata geedi moja. Ni kosa la binti wa nyumba ya kuhama aliyekaa mjini.

Alirudi ofisini mbio. Sadiyo aliachwa ameshika samli yake, anauliza kama mtoto ameugua.

Mursal akatoa bikari. Weka sindano Modogashe, zungusha geedi tatu za mvua. Weka sindano Griftu, zungusha hesabu ya Sadiyo, za kiangazi. Mistari miwili ikakutana pahali papya, karibu zaidi na Modogashe. Khadijo akaleta karatasi ya laga, akaiweka juu, wakaiinua dirishani. Pale pale mistari ilipokutana, laga inapita. Kisima cha Kulow kimechimbwa ndani ya laga, kila mtoto wa kwao anajua. Pale pa zamani alipokuwa amekichora, hapakuwa na laga. Palikuwa na mawe matupu. Akaleta karatasi ya malisho. Ikakubali.

Na mviringo wa glasi? Kisima kilikuwa ndani. Kwa upana wa ukucha, lakini ndani.

Mursal akaingia kwa mkubwa kumwomba asogeze mstari kidogo, ili kuwe na nafasi. Akatoka amenuna.

"Anasema mstari ni mstari, umeshapigwa muhuri."

"Tufanye nini?"

"Mstari ni wake," Mursal akasema. "Visima ni vyetu. Futa pale pa uongo, chora pale pa kweli. Hiyo ndiyo kazi tuliyoandikiwa."

Akachora. Nakala ya ramani ikaenda kwa askari wa Modogashe. Halafu akaja kwenye lori langu, ameshika mlango, vidole vina wino.

"Mwambie mama akae."

"Una hakika?"

"Jelle, mwambie akae."

Wasikilizaji wapendwa, fikirini. Binti wa miaka ishirini na kitu anamwambia mama yake akae mahali ambapo, akikosea yeye, mama atakuwa adui wa serikali. Mama, na dada aliyejifungua, na kitoto kisichoweza kushika shingo. Waliomwachia mzigo huo walikuwa wanakunywa chai. Nilipeleka neno Modogashe, Rukiyo amekuja tena dukani. Rukiyo akasema, "Amesema hivyo? Basi," akafunga sukari yake akaenda.

Safari iliyofuata nikacheleweshwa, msafara haukutoka. Kila nikirudi kutoka kambini kuulizia, mikono mitupu, Khadijo anasimama barabarani, ananitazama usoni, anarudi ndani. Mursal aliniambia alikuwa akivunja ncha za penseli, moja baada ya nyingine.

Yaliyotokea kisimani tuliyapata baadaye. Habibo alinieleza upya juzi, msibani, nami nayasoma kama alivyosema: "Askari walikuja na magari mawili. Nilikuwa ndani ya nyumba na mtoto. Mkubwa wao akauliza, kupitia mkalimani, nani aliwaruhusu kukaa hapa. Mama akasema, binti yangu. Wakacheka. Mama akasema, hiyo karatasi mkononi mwako inasema nini? Mkubwa akaikunjua juu ya boneti. Akatazama laga, akatazama karatasi, akaweka kidole. Halafu akasema, wamo ndani. Mama akamwambia mkalimani, mwambie ameichora binti yangu, na mwambie aiondoe kwenye boneti, itaungua."

Mkalimani, nadhani, hakuyasema yote.

Nilipofika Modogashe, Rukiyo alikuwa ananingoja na haan, kile chombo chetu cha maziwa cha kusukwa, kimejaa susac, maziwa ya ngamia yaliyochachishwa. Akasema, "Mpe. Ataelewa." Nikaendesha kwa tahadhari nisimwage hata tone. Khadijo alikuwa barabarani. Hakunitazama usoni safari hiyo. Alitazama haan. Ngamia walikuwa hai, mama alikuwa hai, kilikuwa chombo cha mama. Akakaa chini hapo hapo kwenye vumbi, akacheka mpaka watu wakasimama. Sijawahi kusikia kicheko kama kile. Mpaka leo nikikikumbuka kifua changu kinafunguka.

Mwaka uleule, vita vilipoisha, nikatuma wazee. Rukiyo alisema dereva asiyemwaga maziwa anafaa.

Khadijo alichora ramani mpaka alipostaafu. Binti yetu Rahmo amesomea kazi hiyohiyo chuo kikuu, ya kompyuta, mifumo ya taarifa za kijiografia wanaiita. Alipomwonyesha mama yake jinsi kompyuta inavyopanga tabaka la maji juu ya tabaka la malisho, mama akasema, "Dirisha langu hilo! Na umeiuliza geedi ya mvua au ya kiangazi?" Rahmo anasema mpaka leo swali hilo ndilo analoanza nalo kila kazi.

Sasa lile ninalotaka wakubwa wasikie. Mke wangu alichora barabara zenu. Mlipofungua hii na ile mlikata utepe juu ya mistari yake. Alipougua, gari la wagonjwa lilikuwepo, mafuta hayakuwepo. Tukamngojea mtu wa kusaini, na huyo mtu alikuwa kwenye semina. Mimi sisamehe, na msinilazimishe nisamehe redioni. Lakini alhamdulillahi, hakuteseka sana. Aliondoka asubuhi, Habibo akimshika mkono, na yule mtoto wa kisimani, ambaye sasa ni baba wa watu, amekaa miguuni pake. Alimtazama huyo zaidi ya alivyonitazama mimi. Sikuona wivu. Nilijua anachokitazama.

Pole kwa Habibo. Pole kwa Rahmo, na kwa watoto wa Mursal, na kwa ukoo wote wa Kulow kule Modogashe na Griftu. Mola ampe nafasi pana, isiyo na mstari. Nanyi mliokaa ofisini, kabla ya kuzungusha penseli yenu, ulizeni ni nani anaishi chini yake.

Hapa studio wameniletea chai. Mbele yangu imelazwa karatasi yake ya visima, Rahmo amenipa niishike nikisoma. Kwa miaka yote ya ndoa yetu, Khadijo hakuruhusu glasi mezani penye karatasi.

Chai yangu nimeiweka sakafuni.