Madam Prudencia na Injini Ambayo Hajaisikia

Kesho Jumapili, tarehe 30 Novemba 2025, Madam Prudencia Kokulinda anatimiza miaka sitini, na serikali haina utani na tarehe ya kuzaliwa. Kuanzia keshokutwa si mtumishi tena wa Chuo cha Ufundi wa Anga Nyabusengo hapa Mwanza, alichokitumikia kwa miaka thelathini na mmoja na miezi miwili. Kamati ya maandalizi imenipa mimi, Obedi Maige, fundi wa karakana, kazi ya kuandika wasifu wake kwa kuwa nimefanya naye kazi miaka ishirini na miwili. Nadhani pia wenzangu waliogopa kulia mbele ya kompyuta. Mimi nimelia kidogo, nimefuta kibodi, na sasa naendelea.

Madam alizaliwa Kamachumu, mkoani Kagera, mtoto wa nne wa mkulima wa kahawa. Alisoma kwa masista, akafaulu hesabu kuliko ilivyotarajiwa kwa msichana wa wakati ule, akapelekwa Ulaya Mashariki kusomea injini za ndege. Mwaka 1992 alirudi na shahada, koti zito ambalo Mwanza halijamfaa hata siku moja, na hamu ya kubuni injini yake mwenyewe. Hapakuwa na mahali pa kuipeleka hamu hiyo. Alifundisha fizikia sekondari kwa miaka miwili, kisha Oktoba 1994 akaajiriwa hapa chuoni, wakati chuo chenyewe kilikuwa madarasa matatu, karakana moja, na injini moja ya zamani iliyokatwa katikati ili wanafunzi waone matumbo yake.

Kwa wageni wetu wa leo ambao si watu wa fani, injini ya ndege hufanya mambo manne tu: huvuta hewa, huikandamiza, huichoma pamoja na mafuta, halafu huisukuma nje kwa nyuma. Ugumu ni kwamba ukikosea kidogo, chuma chako kinayeyuka, na kutengeneza kingine si mchezo. Madam akaona ni heri injini ife mara elfu ndani ya kompyuta kuliko mara moja karakanani. Mwaka 1996 alianza kuandika programu ya kuigiza injini, akaiita Pumzi. Unaiambia upana wa mdomo wa injini, idadi ya mapanga yanayozunguka ndani, kiasi cha mafuta na joto la siku hiyo. Nayo inakujibu, kwa Kiswahili, injini itasukuma kwa nguvu gani, itapata moto kiasi gani, na itavunjikia wapi.

Siku hizo jibu moja lilichukua saa tisa. Umeme wa Mwanza nao haukuwa na subira ya saa tisa. Kwa hiyo Madam alikaa na daftari kubwa la kaunta, akinakili namba kutoka kwenye kioo kila baada ya dakika kumi, ili umeme ukirudi aanzie alipoishia badala ya kuanza upya. Madaftari hayo yapo kumi na saba. Nimeyahesabu wiki iliyopita tulipokuwa tukisafisha ofisi yake, na kwenye la sita kuna doa la chai lenye umbo la kisiwa cha Ukerewe, hata mji wake, Nansio, unaweza kuuonyesha kwa kidole.

Leo Pumzi inajibu kwa dakika mbili, na inatumika katika vyuo vingine viwili. Vijana waliofundishwa nayo wamesambaa kwenye karakana za ndege, wengine nje ya nchi, na wakipiga simu huanza na shikamoo, kisha wanaomba wasaidiwe swali ambalo mabosi wao hawajalijua. Madam huitikia marahaba, halafu huwaambia wakajisomee. Baada ya nusu saa huwapigia yeye mwenyewe, akiwa na jibu.

Hakuna kitu chenye moto kilichomponyoka. Mama Odeta, mpishi wetu, hatasahau siku Madam alipoingia jikoni na rula, akapima mdomo wa jiko la mkaa, akarudi kesho yake na karatasi yenye michoro. Mama Odeta akamuuliza, “Madam, kumbe na ugali una injini?” Mdomo ulipunguzwa kwa matofali mawili. Tangu hapo gunia la mkaa linafika Ijumaa, wakati zamani lilikuwa linakata roho Jumatano. Mama Odeta hajakubali kwamba ni matofali. Anasema ni mkaa wa siku hizi.

Sasa nije kwenye jina. Wanafunzi wote wa chuo hiki wanamwita Madam Mita Nane, na wengi wanadhani ni jina la masihara tu. Hapana, lina historia yake, na mwenye historia ameniruhusu kuiandika.

Mwaka 2009 chuo kilipata ufadhili wa kutengeneza injini moja ya kweli, ndogo, yenye upana wa sufuria ya watu ishirini, inayotumia mafuta ya taa. Madam aliibuni kwa Pumzi. Machibya, fundi wetu wa kuchomelea, na mimi tuliitengeneza kwa miezi kumi na minne. Pumzi ilihitaji kujua tupo kwenye kimo gani, kwa sababu kadiri unavyopanda juu hewa inakuwa nyepesi, na hewa ikiwa nyepesi ukaichanganya na mafuta yaleyale, moto unazidi. Kwenye ukuta wa karakana kuna alama ya saruji iliyowekwa na wapimaji wa ardhi zamani, imeandikwa mita nane. Madam akaandika nane. Mkuu wa chuo akaitazama, akatikisa kichwa kukubali. Mimi nikaitazama, nikatikisa kichwa. Machibya, aliyezaliwa Busisi na kukulia kwenye kivuko, alisema nane ni sawasawa kabisa.

Ndiyo, tulikuwa mita nane, lakini kutoka ziwani. Sisi watu wa kandokando ya ziwa tunahesabu kila kitu kuanzia ziwani: kisima kina kina gani, nyumba ipo juu kiasi gani, maji yakipanda yatafika kwa nani kwanza. Ziwa ndilo sifuri yetu. Hakuna hata mmoja wetu aliyekumbuka kwamba ziwa lenyewe lipo juu ya bahari zaidi ya mita elfu moja na mia moja. Injini ilikuwa imebuniwa kwa hewa nzito ya Dar es Salaam, nasi tukaipa hewa ya Mwanza. Iliwaka kwa sekunde kumi na moja, mapanga yakayeyuka, ikatapika cheche, ikanyamaza.

Madam aliandika ripoti akasema kosa ni lake, peke yake, ingawa tuliotikisa vichwa tulikuwa wengi. Tangu mwaka huo, 2010, somo lake la kwanza kwa kila kundi jipya ni moja. Anawauliza wanafunzi wapo kwenye kimo gani. Kila mwaka kuna mjanja anayeiona alama ukutani na kujibu mita nane, akiwa na tabasamu. Hapo Madam hufungua kabati, hutoa mapanga yaliyoyeyuka, humkabidhi, na kumsimulia yote bila kujificha. Nimekaa nyuma ya somo hilo mara kumi na sita, na sijawahi kumsikia akilipunguza.

Kuna jambo moja ambalo hulisimulia kwa haraka, na mimi nitalisimulia polepole. Siku ile ya mwaka 2010, sisi wote tulikuwa nje nyuma ya ukuta wa mifuko ya mchanga. Madam alikuwa chumba cha ndani chenye kuta mbili, amevaa vikinga masikio, anasoma namba kwenye kioo. Aliziona sekunde zote kumi na moja. Hakusikia hata moja. Alipofika nje, tayari ilikuwa kimya, kuna moshi na sisi tumeshika vichwa.

Tangu hapo amekuwa akituuliza. Haulizi kila siku, lakini mara mbili tatu kwa mwaka, mkiwa mnakunywa chai, atauliza kama vile anauliza bei ya sato sokoni: hivi ililia vipi? Machibya humwambia ililia kama birika lililosahaulika. Mama Odeta husema ilikuwa kama mvua kubwa inayokuja kwenye mabati. Mimi nimeshamwambia mambo manne tofauti, kwa sababu kila nikimwona anavyosikiliza natamani nimpe jibu zuri zaidi. Huyu ni mtu ambaye amebuni injini mia mbili na kumi na tatu ndani ya kompyuta, anajua kila moja ingepumua vipi, na hajasikia pumzi ya hata moja. Hakuwahi kulalamika. Lakini hamu haifichiki.

Injini ya pili tumeitengeneza kwa miaka mitatu, pamoja na wanafunzi, safari hii kimo kikiwa kimeandikwa kwa wino mwekundu mlangoni. Majaribio yalipangwa Ijumaa, tarehe 21 mwezi huu, siku tisa kabla ya kustaafu kwake. Ilikubaliwa kwamba chumba cha ndani ataingia kijana mwingine, na Madam atakaa nje, nyuma ya mifuko ya mchanga, masikio wazi kwa muda wa kuwasha. Mama Odeta aliagiza ndizi za Bukoba. Machibya alinyoa ndevu.

Jumanne ya wiki hiyo nilikuwa napima mapanga kwa mara ya mwisho, kama utaratibu wetu unavyodai. Matatu kati yake yalikuwa membamba kuliko mchoro, kwa unene wa kama kucha. Yalikuwa yametoka hivyo kwa waliotuyeyushia chuma, nasi tulipoyapokea tulipima kumi tu kati ya ishirini na manne. Nikapima tena. Nikaenda kunywa maji, nikarudi, nikapima tena. Naomba nikiri mbele ya wote waliopo leo kwamba kalamu yangu ilikaa juu ya fomu muda mrefu, na kwamba ile namba nzuri ya kwenye mchoro niliiona ikiniita kwa jina. Hakuna aliyekuwa akinitazama. Nilimfikiria Madam akiwa nje, amesimama, anasikiliza. Mwisho niliandika namba za kweli, nikampelekea kesho yake asubuhi, na njiani sikumsalimia mtu.

Aliziingiza kwenye Pumzi. Dakika mbili zilipita. Pumzi ikajibu kwamba panga la tisa litakatika kwenye sekunde ya thelathini na nane, labda kabla.

Mkuu wa chuo wetu ni mtu mwenye moyo. Alipendekeza tuiwashe kwa sekunde ishirini tu, kwa ajili ya kumuaga Madam. Wote tuliokuwa chumbani tulitaka akubali. Mimi nilitaka kuliko wote. Madam alivua miwani, akaifuta kwa kitenge. Kisha akasema, “Mkuu, ile ‘labda kabla’ haina sekunde. Na humu kwenye Pumzi sijaweka mahali pa kujaza kwamba mtu anaagwa. Vijana watakuwa mita kumi kutoka pale.” Akachukua fomu ya majaribio, akaandika kwa herufi kubwa HAIWASHWI, akasaini. Ni saini yake ya mwisho ya kikazi. Ndizi zilizokuwa zimeagizwa tulizila Ijumaa hiyohiyo, na aliyetania zaidi mezani alikuwa yeye.

Namshukuru kwa siku ile kuliko kwa miaka yote ishirini na miwili, na bado siku ile inaniuma. Yote mawili ni kweli.

Chuo kinamshukuru kwa mengi zaidi: kwa Pumzi, kwa madaftari kumi na saba, kwa wahandisi na mafundi zaidi ya mia nane, na kwa kutufundisha kwamba kosa lako ukiliweka kabatini na kulionyesha kila mwaka, halikutishi tena. Jumatatu anavuka daraja la Busisi kuelekea Kamachumu, kwenye migomba na mibuni ya marehemu mama yake. Anasema anakwenda kupumzika. Sisi tunaomjua tunaihurumia mibuni.

Mapanga mapya yameagizwa na yanaweza kuchukua mwaka, au zaidi. Katika barua yake ya makabidhiano, yenye kurasa arobaini na moja, mstari wa mwisho unasema: “Yakifika, yapimeni yote, iulizeni Pumzi, ikikubali washeni. Msinisubiri.”

Madam, tumekaa kikao kuhusu mstari huo, wafanyakazi wote, pamoja na Mama Odeta. Tumekutii miaka thelathini na mmoja. Tutayapima yote ishirini na manne, na tutaiuliza Pumzi. Lakini hilo la mwisho tumelikataa kwa kauli moja. Ikikubali, nitakuja Kamachumu mimi mwenyewe kukuchukua, na usipokuja haiwashwi. Tunakutakia uzee wenye afya, kahawa nzuri na usingizi wa mchana. Na tunamwomba Mungu, kuliko vyote, akutunzie masikio.