Lorna Amepewa Mtoto Mwenye Kitambi

ARDITH: Haloo! Nani mwenzangu? Paza sauti, mashine za nywele zinanguruma hapa!

LORNA: Mimi, dada. Lorna.

ARDITH: Ooh, nyota wetu! Za Hollywood?

LORNA: Mbaya. Niko ndani ya gari, nje ya studio. Naacha uigizaji. Narudi nyumbani Toledo.

ARDITH: Tena? Ulipoigizishwa maiti uliacha. Ulipopewa nesi asiyesema neno, uliac—

LORNA: Safari hii kweli! Wanataka niwe mama yake Dexter Hoyle.

ARDITH: Dexter? Si ndiye alikuwa mumeo kwenye ile filamu ya meli?

LORNA: Ndiye! Nilimbusu mvuani mpaka nikashikwa na mafua. Leo nimzae! Na kanizidi umri!

ARDITH: (anacheka) Uwii, mbavu zangu! Hongera, mdogo wangu, umejifungua toto lenye kitambi!

LORNA: Cheka tu.

ARDITH: Bi Greta, usitikise kichwa, rangi itakuingia machoni! ... Haya. Ni sehemu kubwa?

LORNA: Mhusika mkuu. Filamu nzima ni yangu.

ARDITH: Miaka yote hiyo umeisubiri, halafu unakimbia?

LORNA: Unakatika... sikusi—

ARDITH: Unanisikia vizuri sana. Kuna nini?

LORNA: Kuna maneno humo. Mwanawe anarudi nyumbani, kazi imemshinda, analia mlangoni. Mama anamwambia, "Kula kwanza. Ukishiba utalia vizuri."

ARDITH: (anazima mashine za nywele)

LORNA: Dada? Upo?

ARDITH: Nipo. Hayo si maneno ya Mama? Nani kaandika?

LORNA: Kijana tu, simjui. Wala hakumjua Mama.

ARDITH: Kumbe mama wa namna yake wako wengi.

LORNA: Nilipoyasoma mbele yao, sauti ikakatika. Machozi, makamasi, kila kitu. Na wao wakapiga makofi, Ardith! Wakadhani naigiza. Nikachukua mkoba wangu nikatoka.

ARDITH: Hata tulipomzika Mama hukulia.

LORNA: Nilikuwa na ndege ya kuwahi.

ARDITH: Najua. Sikukulaumu.

LORNA: Sasa nitalia hivyo kila siku, mbele ya kamera?

ARDITH: Ndiyo. Na watu watajaa kumwona Mama. Wewe unaye mdomoni, mimi ninaye kwenye picha tu. Nipe na mimi nimwone, bwana.

LORNA: (anapenga kamasi) Ngoja... mwongozaji huyo anakuja mbio. Kavaa kiatu kimoja!

ARDITH: Mfungulie kioo!

LORNA: Simu inaisha chaji—

ARDITH: Lorna! Unamwambia nini?

LORNA: Namwambia nd... ndiyo! Ila huyo Dexter atanyoa ndevu, sizai mtu mwenye—

ARDITH: Haloo? Haloo? ... Imezima. Jamani, kakubali! Mdogo wangu kakubali! ... Nani analia? Silii, Bi Greta. Ni hii dawa yako ya nywele, kali mno.